Chama cha Wachukia Kwarara

Kila Alhamisi ya pili ya mwezi, hapa Brisbane,
nyuma ya klabu ya wazee wachezao tufe nyasini,
tunakutana kumchukia ndege mmoja.

Kumchukia si kazi ngumu. Mtazame:
mdomo kama sindano ya kushonea magunia,
shingo nyeusi, kipara, kama soksi iliyovuliwa mvuani,
na kanzu ambayo zamani ilikuwa nyeupe
imeburuzwa kwenye mchuzi, kahawa na nepi.
Kwarara. Hata jina lake linakwaruza koo.
Huingia pipani kichwa kwanza
kama fundi bomba aliyeitwa kwa haraka,
hutoka na ngozi ya kuku, hukutazama
kana kwamba wewe ndiye mchafu.

Mwenyekiti wetu ni Glenys Pascoe.
Aliporwa keki ya kutimiza miaka sitini
pamoja na mshumaa, na mshumaa ulikuwa unawaka.
Aliuona moto wake ukipaa juu ya mto
na tangu siku hiyo hajapuliza kitu.
Katibu ni Spiro Kalafatis, muuza chipsi,
mwenye daftari la hasara tangu afungue duka:
ngisi kumi na wawili, soseji zisizo na idadi,
kiatu kimoja cha mtoto
(kilirudishwa baada ya siku tatu; nadhani hakikumtosha).
Tuyet, muuguzi wa zamu ya usiku, huja na sare,
husinzia, huamka kupiga kura ya ndiyo.
Tuna kofia. Mbele zimedariziwa
ADUI MWOMBEE NJAA.
Tuna kikombe cha kila mwaka
kwa mwanachama aliyeibiwa kwa aibu zaidi.
Mwaka jana nilikikosa kwa kura moja,
na bado nadai kura zihesabiwe upya.

Mwezi wa nane, tulipofika kwenye mengineyo,
akasimama Merv Tranter, mweka hazina,
ambaye kwa miaka sita hajatamka neno
ila salio.
Alisema kwao, magharibi, kulikuwa na kinamasi
ambamo hawa walitaga juu ya matete,
wengi hata ungedhani bwawa zima limeanikwa mashuka.
Walikula nzige. Baba yake aliwavulia kofia.
"Halafu maji yakapelekwa kwenye pamba," alisema,
"mto ukabaki ramani ya mto.
Tukauza kondoo. Nikashuka huku mjini
na sanduku moja, nikala nilichokikuta.
Wao walikuja mwaka uleule, au uliofuata.
Sikumbuki vizuri nani alimtangulia mwenzake."

Akavua kofia yake, akayasoma yale maandishi
kama mtu asomaye kibandiko cha dawa
aliyokwisha kuinywa.
"Hii dua," akasema, "mbona ilishajibiwa?"

Feni ilizunguka. Spiro alishika kalamu, hakuandika.
Tuyet alikuwa macho kabisa.
Glenys akakohoa. "Imepokelewa, Merv.
Sasa turudi kwenye keki yangu."
Tukacheka, naye Merv akacheka,
akatusomea salio: dola arobaini na moja na senti kadhaa.

Kesho yake, kwenye benchi kando ya mto,
saa ya chakula cha mchana, alikuja.
Mguu mmoja ulikuwa umekabwa na uzi wa nailoni,
akautua taratibu, kama mgeni aogopaye kuchafua zulia.
Nilimtukana jinsi katiba ya chama inavyotaka,
ibara ya tatu: kwa sauti, mbele ya mashahidi.
Kisha nikajaza fomu.
Ijumaa, saa saba kasorobo,
mkate wa nyama ya kondoo na mnanaa,
wote, pamoja na leso.

Sikuandika kwamba karatasi
niliifungua mwenyewe.